Picha Iliyowahi

Mtu alipiga simu gazetini kwetu akasema Don Gaspare, bosi wa genge la sokoni, ameuawa akiwa kwa kinyozi wake. Nikakimbia na kamera niwahi kabla polisi hawajamfunika shuka.

Nilimkuta kitini, povu limejaa mashavuni, ananyolewa ndevu.

Aliniona kwenye kioo. Mji mzima wa Palermo unajua kwamba mimi napiga picha za waliouawa tu.

"Nani kafa, binti?" aliuliza bila kugeuka.

"Wamesema ni wewe, mzee."

"Wamesema saa ngapi?"

"Robo saa iliyopita."

Macho yake yakahamia kwa kinyozi. Kinyozi alikuwa ameshaweka wembe mezani. Alikuwa anajifuta povu vidoleni, kimoja kimoja, huku akirudi nyuma polepole, mbali na kile kiti.