Sinia la Nungunungu

Walikuwapo nungunungu wa nyumba moja, wakila wote kwenye sinia moja, wamesongamana mpaka miiba ikichomana. Mashavu, aliyeolewa pale juzijuzi, akachoka.

"Mama, kila mtu awe na bakuli lake," alimwambia mkwewe, Bi Kirembo. "Mbavu zangu zimetoboka kama chekeche!"

"Haya, mwanangu," alijibu Bi Kirembo, akalitundika sinia ukutani.

Kweli, raha ikaingia. Kila mmoja alijilia kwa wakati wake, pembeni pake.

Asubuhi moja Mashavu alikuta bakuli la mkwewe bado limefunikwa, muhogo umeota ukungu. 

"Jamani, nani kamwona mama?"

Hakuna. Kila mmoja alidhani keshakula.

Walimkuta kwenye shimo la mtego, sauti imemkauka.

"Nilijipa moyo kuwa wakati wa kula mtaona sipo," alinong'ona. "Kisha nikakumbuka sinia liko ukutani."

Jioni ile Mashavu alilitungua sinia mwenyewe, akajibana ubavuni kwa mkwewe. Mwiba ukampata.

"Nimekuchoma, mwanangu?"

"Choma tu, mama," alisema Mashavu. "Nijue upo."