Hili la Nyumbani

Siku hizo hakimu alikuwa birika kubwa la shaba, na kazi yake ilikuwa kunusa. Likinusa ndoa au undugu baina ya mshtaki na mshtakiwa, kesi inatupwa hapo hapo, hata kama mtu kang'olewa meno.

"Mwizi huyu!" akafoka Tausi, dada wa marehemu Kibwana. "Kabeba kitanda cha kaka yangu! Hakuwa mkewe, alikuwa mpangaji tu."

"Mpangaji wa kitanda kimoja, wifi?" akajibu Zamoyoni, na mabenchi yote yakaangua kicheko.

Lakini mashahidi wa ndoa yake wote walikwisha kufa. Birika likimwona mgeni, basi ni mwizi, na jela inamngoja.

Birika likanusa viganja vya Zamoyoni, likanusa shingo ya Tausi, likapiga chafya.

"Hili la nyumbani. Nendeni."

Zamoyoni akajipigia vigelegele mwenyewe. Si mwizi! Na zaidi ya hapo, kumbe kweli alikuwa mke wa mtu! Akatoka kwa madaha kama bibi harusi.

Mlangoni Tausi akamkumbatia, akambusu mashavu yote mawili, kisha taratibu akamvua hereni zake za dhahabu na kuzivaa.

"Mwizi!" akapiga ukelele Zamoyoni.

Askari wala hakuinuka kitini. "Mama, si umeambiwa sasa hivi kuwa huyu ni wifi yako?"

Tausi akamshika mkono kwa upole. "Twende nyumbani, wifi yangu. Kile kitanda kinatutosha wawili."