Sauti ya Akemi

Siku hizi anime, zile katuni za Kijapani, zinatazamwa kila nyumba duniani, na sheria ni moja: sauti ya mhusika haiwi na wenyewe wawili. Mimi yangu niliiuzia studio, ikawa ya Akemi, yule shujaa wa mapanga. Nikabandikwa kifaa kooni kinachonisemea kwa sauti nyingine, nyororo kama ya tangazo la benki. Binti yangu, Mwanakombo, alikuwa na miaka mitatu. Sasa ana sita.

Jana jioni nilipakua wali, nikamwita kutoka jikoni. Nikamwita tena.

“We mtoto, husikii mamako anakuita?” mume wangu, Shaame, akamkaripia.

Mwanakombo hakugeuka. Kwenye televisheni, Akemi naye alikuwa anamwita mwanawe: “Njoo mwanangu, chakula kinapoa.” Ilikuwa sauti ileile niliyombembelezea Mwanakombo alipokuwa mchanga.

“Abee, mama!” akaitika, akainuka mbio, akaenda kusimama mbele ya kioo cha televisheni.

Shaame alinitazama mlangoni nilikosimama na sahani, akanyoosha mkono kuizima.

“Iache,” nilimwambia kwa ile sauti ya benki. “Ngoja amwite tena.”