Banda Lililohamia kwa Nasike

Sheria ilimtaka kila aliyeidhinisha jengo libomolewe aishi nyumbani na kumbukumbu za jengo hilo. Ndivyo Mhandisi Nasike alivyokuja kukaa na sauti ya Banda Kuu la Maonyesho ya Dunia, iliyotoka ukutani jikoni. Banda lilisimulia umati uliofurika siku ya ufunguzi, na watoto waliopotea humo wakapatikana wakicheka. Halikujua kwamba limebomolewa.

"Wageni wamefika?" liliuliza kila asubuhi.

"Wako njiani," Nasike alijibu, akiinamisha uso.

Siku moja mumewe, Barasa, alishindwa kuvumilia. "Mama Nekesa, liambie ukweli," alimnong'onezea mkewe. "Lilikuwa zima, nawe ukasema lina nyufa."



"Kama wako njiani, nifungulieni milango," banda likasema kwa furaha.

Nasike akainuka, akafungua mlango wa mbele, akasimama pembeni kama anayewapisha watu.