Meseji Kutoka Simu ya Mama

Mjomba alisimama katikati ya sebule, simu ya Mama mkononi, akasoma kama anahubiri: "Nimefikia uamuzi wa kumkabidhi kaka yangu nyumba."

"Aliandika jana, kabla hajaanguka. Sasa yuko hospitali, hasemi," alisema. "Mimi ni nani nimpinge?"

Mashangazi wakatikisa vichwa, ya Mungu mengi. Binti wa Mama, fundi cherehani, akahisi damu inamchemka mpaka masikioni.

Kufikia uamuzi? Mama huyu huyu? Mama husema amekata shauri! Alikata shauri kumwacha mume, akakata shauri kununua kiwanja, hata sukari kwenye chai aliiacha kwa kukata shauri. Huo uamuzi aliufikia lini, na kwa basi gani? Anayefikia uamuzi asubuhi mpaka jioni ni Mjomba, karani mstaafu.

"Mjomba, nipe hiyo simu."

"Ya nini, mwanangu? Si nimeshasoma?"

"Umeandika, hujasoma!"

Kidole gumba cha Mjomba, kinene, kimelowa jasho, kikaanza kuteleza kwenye kioo kikitafuta pa kufutia meseji.

Binti akaruka meza, akakidaka kidole.