Kicheko cha Tarehe Nane

"Ulicheka tarehe nane," afisa wa rufaa alimwambia Mwantumu, akisoma bangili ya kupima maumivu ambayo sheria humvisha kila majeruhi wa barabarani. "Anayecheka haumii. Fidia inabaki nusu."

"Na mguu wangu je, si umebaki nusu?" Mwantumu alifoka. "Alikuja kunipa pole Maganga, mtani wangu Mnyamwezi, akasema Wazaramo tumepungua mguu mmoja. Ningeacha kucheka? Mna wazimu nyie!"

"Sheria haimjui mtani, mama."

Alirudi nyumbani kwa magongo, akilaani njia nzima. Maganga alikuwa barazani, habari za fidia iliyokatwa kwa utani wake zimeshamfikia. Akasimama, akainamisha kichwa.

"Pole sana, dada," akasema, kama mgeni.

Bangili ikawaka nyekundu. Tangu avishwe, haikuwahi kusoma maumivu makali kiasi kile.