Shimo Lililohamishwa Jina

Nungunungu alikopa karanga kwa Kindi, akaweka shimo lake rehani. Msimu wa kulipa ulipofika hakuwa na karanga wala haya. Alimwita jirani yake Ngiri, ambaye hakuwa na shimo lake, akamkabidhi shimo mbele ya mashahidi.

"Ni jina tu," alimnong'oneza. "Kesi ikiisha utanirudishia."

"Sawa, jirani," alijibu Ngiri, ambaye hakuwa msemaji.

Kindi akawashtaki kwa hakimu Korongo. Nungunungu aliapa kwamba shimo si lake tena, ni la Ngiri, kwa hiyo Kindi hana cha kukamata.

Korongo alimsikiliza mpaka mwisho. "Shimo limehama, nakubali," alisema. "Lakini rehani imehama nalo. Ngiri, mwenye shimo sasa ni wewe. Mlipe Kindi, au utoke."

Msimu mzima Ngiri alichimba karanga kwa pua yake na kumpelekea Kindi. Nungunungu alikaa kivulini akimtazama, moyo umetulia, maana deni lilikuwa linalipwa bila yeye kutoka jasho.

Deni lilipokwisha, alirudi nyumbani. Alimkuta Ngiri ameingia shimoni kinyumenyume, kama ngiri wote wanavyoingia, meno yake marefu yakiziba mlango.

"Jirani, kesi imeisha. Nipishe."

"Imeisha kweli," alisema Ngiri. "Wewe uliapa, mimi nikalipa."

Nungunungu alisimamisha miiba yake yote. Akayatazama yale meno, kisha akailaza tena, mmoja mmoja.